Kama muda umekwisha, TP ya nini?

Najua nimekuwa kimya. Testi mbili ndani ya wiki moja, boom limechelewa, na juu ya hayo kuna jambo la chumbani kwetu ambalo nimelizunguka siku nyingi nikijiuliza niliandike au nisiliandike. Naliandika, maana mhusika mwenyewe ameniruhusu, kwa sharti kwamba nisitaje jina lake wala la kikundi chake. Nitamwita Dada, kama ninavyomwita siku zote. Ananizidi miaka mitatu, na ndiye aliyenipokea nilipofika Malimbe mwaka wa kwanza nikiwa sijui hata daladala za mjini zinapandiwa wapi.

Lakini nianzie darasani, maana huko ndiko nilikopata maneno ya kulielezea.

Kwenye falsafa ya elimu tumefika kwa John Mbiti. Kwa wasiomjua, ni Mkenya, Mkamba wa Kitui, alizaliwa 1931, kasisi wa Kianglikana, akafundisha Makerere miaka ya 1960 hadi mwanzoni mwa 1970, na amefariki mwaka 2019 akiwa Uswisi. Kitabu chake kikubwa juu ya dini na falsafa za Kiafrika kilitoka 1969, na humo kuna sura ya muda ambayo imewagombanisha wasomi mpaka leo. Anasema Mwafrika wa jadi anajua muda wa aina mbili, na akaazima maneno ya Kiswahili kuzitaja: Sasa na Zamani. Sasa ni yale yanayotokea, yaliyotoka kutokea, na yaliyo karibu kabisa kutokea. Zamani ni ile bahari kubwa ya nyuma ambako kila tukio linakwenda kuhifadhiwa. Wakati ujao wa mbali, miaka kumi au mia mbele, karibu haupo. Alipima nyakati za vitenzi vya Kikamba na Kikikuyu akaona zinafika mbele kama miezi sita, zikijitahidi sana miaka miwili. Jambo ambalo halijatokea halina tukio, na kwake muda bila tukio si muda.

Darasa lilichangamka siyo mchezo. Jamaa mmoja wa benchi la nyuma akasema kumbe ndiyo maana hatufungui madesa mpaka wiki ya UE, si uvivu, ni falsafa. Mhadhiri mwenyewe alicheka mpaka akavua miwani.

Kwa sisi watu wa ziwa, nusu ya kwanza ya hoja ya Mbiti haihitaji ushahidi wa kitabuni. Mama yangu hakumbuki tarehe, anakumbuka matukio. Kaka mkubwa alizaliwa mwaka wa MV Bukoba. Ukitaka tarakimu utafute mwenyewe: ni 1996, meli ilizama Mei 21 ikiwa imekaribia kabisa bandari ya Mwanza, na pale Igoma kuna makaburi ya waliofia humo. Mdogo wetu wa mwisho alianza chekechea mwaka wa MV Nyerere, kile kivuko kilichopinduka karibu na Ukara Septemba 20, 2018, wakafa watu zaidi ya 220. Mwenzetu mmoja kutoka Iringa aliniuliza mbona ninyi mnahesabu miaka kwa vyombo vilivyozama. Nilimwambia ndivyo tulivyozaliwa.

Ni nusu ya pili inayonishinda. Mjomba wangu anavua dagaa Kayenze. Dagaa huvuliwa kwa taa usiku wa giza. Mbalamwezi ikishika, mwanga wa taa unamezwa, dagaa hawaji, mitumbwi inapumzika na wavuvi wanashona nyavu. Kwa hiyo pale kijijini deni halilipwi tarehe thelathini, linalipwa giza likirudi, na kila mtu anajua giza linarudi lini. Mbiti angenijibu kwamba huo ni mzunguko wa asili, umo ndani ya miezi sita yake, na angekuwa sahihi. Basi nimletee mama. Mama aliniandikisha darasa la kwanza mwaka 2011. Alikuwa anapima dagaa kwa kisado pale Mwaloni Kirumba, anacheza upatu, zamu yake ikifika hela inakuwa daftari, sare, ada. Nikimaliza chuo 2027 itakuwa miaka 16. Mtu asiye na wakati ujao anafanyaje jambo kama hilo? Tena Mghana Kwame Gyekye alishamjibu Mbiti mwaka 1987 kwa kutumia Kiakan chake, akaonyesha lugha hiyo inavyoutaja wakati wa mbele bila tabu yoyote. Na sisi wa Kiswahili tukitoka kesho tuna keshokutwa, mtondo, halafu mtondogoo, ingawa mjini siku hizi ukisema mtondogoo watu wanadhani unamtukana mtu.

Sasa katika sura hiyohiyo kuna kitu ambacho darasani tulikipita mbio. Mbiti anasema wamisionari na shule walipoleta wakati ujao mrefu, hasa habari za mwisho wa dunia, wapo walioupokea kwa pupa. Wakaanza kuungoja mwisho kama kitu cha kesho asubuhi, wakaacha kuhangaika na shida za leo, na vikazaliwa vikundi vidogo vidogo vinavyomzunguka mtu mmoja anayeonekana kuitimiza ile ngoja. Aliandika hivyo zaidi ya miaka 50 iliyopita. Nilipofika hapo nikafunga desa, nikageuka kutazama kitanda cha pili.

Dada alianza kwenda kwenye kikundi chake muhula uliopita. Wanakutana Jumamosi alasiri kwenye nyumba ya kupanga upande wa ziwani. Niseme ukweli, mwanzoni nilifurahi. Ntawaambia kwa nini. Mwaka wa kwanza Dada alipata sapu mbili, na shangazi yake akampeleka kwa mganga kusafishwa nyota. Mnayajua yale mabango kwenye nguzo za umeme: kusafisha nyota, kurudisha mpenzi, kuvuta mali. Mganga akamwambia nyota yake imefunikwa na Jumanne ni nuksi kwake, asianze jambo lolote Jumanne. Sasa fikiria mwanafunzi ambaye testi zake zinapangwa na mtu mwingine! Alikuwa akiona testi imewekwa Jumanne anaanza kutetemeka tangu Jumapili.

Jamani imani hiyo si ya washamba peke yao. Marehemu Sheikh Yahya Hussein, aliyefariki 2011, utabiri wake wa mwaka mpya ulikuwa unaandikwa magazetini, na mama anasema ofisini kwa watu wenye tai ndiko gazeti lilikokuwa linagombaniwa. Siku njema na siku mbaya, nyota ya bahati na ya mkosi, huo ndio uganga wa muda ambao wengi wetu tumekulia ndani yake, tukiuamini au tukijifanya hatuuamini.

Kikundi kikamtoa Dada huko. Walimwambia ramli ni uongo, Jumanne haina kosa lolote, nyota haina kifuniko. Alirudi chumbani usiku ule akatupa hirizi kwenye ndoo ya taka, akalala bila kuacha taa inawaka, kwa mara ya kwanza tangu nimjue. Kwa hilo siwezi kuwasema vibaya.

Ila baada ya kumfuta Jumanne wakampa kalenda yao. Kiongozi wao ana karatasi kubwa imechorwa mistari ya miaka, kila vita na kila ugonjwa una mshale, na mishale yote inaishia mwaka huu. Hawataji tarehe, ni wajanja. Wanasema tu kwamba mwaka hautafika mwisho. Tulipoletewa fomu za mazoezi ya kufundisha, yaani TP, watu wote wakagombania shule za mjini. Dada aliiweka fomu yake chini ya godoro. Nilipomkumbusha akaniuliza, kwa upole kabisa, "Mdogo wangu, TP ni mwezi wa saba. Una uhakika gani kama kutakuwa na mwezi wa saba?"

Nikamwambia sina. Nani anao? Akasema, "Basi." Baadaye nikaja kujua boom la muhula huu nusu yake limekwenda kwenye kapu la kikundi. Kama muda umekwisha, hela ya nini, TP ya nini.

Hapo ndipo nilipomhadithia Kanungu. Wengi wetu wa umri huu hatukuwa tumezaliwa. Kanungu iko kusini magharibi mwa Uganda, upande wa pili wa ziwa letu na mbele zaidi. Miaka ya 1990 kulikuwa na kundi lililojiita la Kurejesha Amri Kumi za Mungu. Viongozi wake walikuwa Joseph Kibwetere, mtu mzima wa heshima aliyekuwa na shule na aliyewahi kuingia siasa, na Credonia Mwerinde, mwanamke aliyesema anatokewa na Bikira Maria. Walikuwamo mapadri, mmoja wao, Dominic Kataribabo, amesoma mpaka Marekani. Nalisema hilo kwa sababu hapa chuoni tunapenda kudhani mambo haya ni ya wasiosoma.

Waumini waliongea kwa ishara za mikono, wakiogopa wakifungua mdomo watavunja amri ya kutoshuhudia uongo. Waliuza mashamba na mifugo, wakaleta mali kwenye kundi. Na walikuwa na kitabu kuhusu mwisho wa nyakati hizi, kilichosema kwamba mwaka 2000 hautafuatiwa na 2001. Utafuata mwaka wa kwanza, wa kizazi kipya. Soma tena hapo. Hawakusema dunia italipuka tu. Walisema hesabu yenyewe ya miaka itakatwa na kuanza upya, na wao ndio wenye kisu.

Desemba 31, 1999 ikaja, ikapita. Januari mosi jua likatoka kama kawaida, na waliouza mashamba wakaanza kuuliza. Machi 17, 2000, siku ya Ijumaa, baada ya kuchinja ng'ombe na kuagiza soda kama watu wanaoagana, mamia waliingia kwenye jengo, madirisha na milango ikapigiliwa misumari, likateketea na watu ndani. Halafu polisi wakaanza kufukua miili mingine kwenye viwanja na nyumba za viongozi. Jumla ikapita 700. Kibwetere na Mwerinde hawajawahi kufikishwa mahakamani.

Dada alisikiliza mpaka mwisho. Akasema, "Hao walikuwa wauaji. Sisi hatumuui mtu." Ni kweli, na nilimwambia ni kweli. Sijui ubaya wowote wa namna hiyo kwa watu anaosali nao. Kuna mama mmoja kati yao aliwahi kutuletea viazi vitamu. Lakini mimi sikuwa naulizia moto. Nilikuwa naulizia shule.

Manake Kanungu nao walikuwa na shule, ya bweni, ya watoto. Serikali iliifungia mwaka 1998 kwa jinsi watoto walivyokuwa wanatunzwa. Na tukija karibu zaidi, Shakahola, Kilifi, kule Kenya. Paul Mackenzie kabla ya habari za kufunga kula alikuwa anahubiri kwamba elimu ya shule ni ya shetani, na mwaka 2017 alikamatwa katika mambo hayohayo ya kuwaondoa watoto shuleni. Miili ilianza kufukuliwa msituni Aprili 2023 na ikapita 400. Februari 2024 yeye na wenzake walisomewa mashtaka ya kuua watoto 191. Walikana, na hukumu ni kazi ya mahakama. Mimi nakitazama kile kilichotangulia tu. Miaka sita kabla ya makaburi, kilichoanza kuondoka ni mabegi ya shule.

Mtu akiniambia nyota yangu ina mkosi Jumanne, anakula siku moja ya wiki yangu na elfu kadhaa za mfukoni. Ni hasara, lakini Jumatano naamka. Anayeniambia miaka imekwisha anachukua zote kwa mkupuo, pamoja na shamba, boom, fomu ya TP, na mtoto ambaye angekaa mbele yangu darasani mwezi wa saba nimfundishe nomino. Na anaanza kwa kumsema mganga! Hicho ndicho kinachonichosha. Anakutoa kwenye mtego mdogo, wewe unamshukuru, unamfuata moja kwa moja.

Si kwamba kila anayengoja mwisho ni hatari. Tusioneane. Kule Marekani, William Miller na wafuasi wake waliungoja mwisho Oktoba 22, 1844, wapo walioacha hata mazao shambani, na asubuhi ya tarehe 23 walilia. Katika mabaki ya huzuni ile ndimo walimotoka Waadventista Wasabato, ambao walifika Upare mwaka 1903 na baadaye kuenea huku kwetu kanda ya ziwa. Nina jirani Msabato. Anangoja kurudi kwa Yesu kwa moyo wote, na wakati huohuo ana mtoto kidato cha pili na msingi wa nyumba Buhongwa. Nilimuuliza haoni kama kuna mgongano. Akanishangaa, "Mwanangu, akirudi anikute nimekaa tu?"

Nilimpelekea Dada maneno hayo kama yalivyo. Hakujibu. Akachukua kanga akaenda kuoga.

Siku mbili zilizofuata hatukuongea sana. Chumba chetu ni kidogo, ukikasirika na mtu bado unampisha apite. Usiku wa Jumatano ndipo akaanza mwenyewe, gizani, nikidhani amelala. Akasema kinachomshika pale si karatasi ya mishale. Karatasi anaiona ina matundu. Kinachomshika ni kwamba Jumamosi akifika wanamwuliza amelalaje, amekula nini wiki nzima, na wiki aliyokosa kwenda walituma watu wawili kumtazama. "Hapa chuoni nikipotea siku nne nani anajua?" Nikasema mimi ninajua. Akasema, "Wewe ni mmoja."

Wadau, pale sikuwa na hoja ya Mbiti wala ya Gyekye. Nilimwambia tu kwamba mimi mwezi wa saba nitakuwa shule fulani sijapangiwa bado, nitakuwa naogopa watoto wa kidato cha tatu, na jioni nitahitaji mtu wa kumpigia nimweleze walivyonizomea. Nikamwambia sitaki kumpigia mtu ambaye hajashika chaki. Alicheka kidogo. Halafu akasema jambo ambalo sikulitegemea: kwamba toka aingie kikundini ameacha kupanga chochote, na mwanzoni ilikuwa raha, kama likizo, ila siku hizi akiamka anajiona kama abiria aliyefika stendi ya Nyegezi mapema mno, mabegi yamefungwa, basi halijulikani linakuja saa ngapi, na hawezi kwenda hata kununua maji.

Mwisho wa kurudisha fomu ni Ijumaa hii. Sijamwambia afanye nini na sitamwambia, yeye ni mkubwa kwangu. Jumamosi iliyopita alikwenda kikundini kama kawaida, akarudi na ndizi, tukala.

Jana jioni nikiwa napanga madesa aliniuliza nauli ya kwenda Sengerema siku hizi ni kiasi gani, tangu daraja la Kigongo hadi Busisi lilipofunguliwa Juni 2025 na watu kuacha kusubiri kivuko. Nikamwambia sijawahi kupita tangu wakati huo. Akasema atauliza stendi.